Maada Haiumbwi Wala Haiangamii: Tuwajibu Nini Vijana Wetu?

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Sifa zote njema zinamstahikia Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), pamoja na Aali zake na Masahaba zake.

Ndugu Waislamu, lipo suali moja ambalo vijana wetu wa Kiembe Samaki hulichukua skuli, wakalileta msikitini, na mara nyingi wakarudi nalo nyumbani bila ya jawabu. Asubuhi wamefundishwa kwamba maada, yaani kila chenye uzito na chenye kuchukua nafasi, haiumbwi wala haiangamizwi, bali hugeuka hali tu. Jioni, baina ya Magharibi na Isha, wanafundishwa kwamba Mwenyezi Mungu peke yake ndiye asiye na mwanzo, na kwamba kila kisichokuwa Yeye kimeumbwa na kitatoweka. Kijana mwenye akili huziweka kauli mbili hizi pamoja na kuuliza: ipi iliyo kweli?

Kwa bahati mbaya, baadhi yetu humwambia anyamaze na aombe msamaha kwa kuuliza. Wengine humpa jawabu la haraka kwamba sayansi yote imekwishatajwa ndani ya Qur'ani, hivyo hana haja ya kujisumbua. Sisi tunaona kwamba majibu yote mawili yanamdhulumu kijana huyo na yanaidhulumu dini. La kwanza linamfunza kwamba imani haistahamili suali. La pili linaitundika imani kwenye nadharia ambayo kesho inaweza kurekebishwa. Njia iliyo sawa ni ndefu zaidi: kulifahamu jambo lenyewe, kisha kujibu.

Tanuri la chokaa

Tuanze na kanuni yenyewe kabla ya kuipinga au kuikubali. Hatuna haja ya kwenda mbali. Msikiti wa Kizimkazi Dimbani, ambao maandishi ya kibla chake yana tarehe ya mwaka 500 Hijria (1107 Miladia), pamoja na majumba ya Mji Mkongwe, yamejengwa kwa mawe ya matumbawe yaliyoshikanishwa kwa chokaa. Chokaa hiyo nayo imetokana na mawe ya namna hiyo hiyo. Wachomaji hupanga magogo na mawe, wakatia moto. Jiwe likifikia joto la nyuzi 900 hivi huachia hewa iliyokuwa imefungika ndani yake, ile tuiitayo hewa ya ukaa. Kilo 100 za jiwe safi huacha kilo 56 za chokaa. Asiyejua atasema kwamba kilo 44 zimeteketea. Hazikuteketea, zimechukuliwa na upepo.

Kisha fundi huimwagia chokaa maji, ikachemka na kufura bila ya moto, akaichanganya na mchanga au udongo na kuipaka ukutani. Hapo huanza safari ya kurudi. Kwa miezi na miaka ukuta hunyonya hewa ya ukaa kutoka angani kidogo kidogo, na chokaa ikawa jiwe tena. Zile kilo 56 hurudi kuwa 100.

Mwaka 1756 Joseph Black, daktari wa Scotland, alichapisha majaribio aliyoyafanya juu ya magnesia na chokaa. Alipima kwa mizani kilichoingia na kilichotoka, na kwa njia hiyo akaitambua hewa ya ukaa kuwa ni kitu mbali na hewa ya kawaida. Mwaka 1789 Mfaransa Antoine Lavoisier aliitamka kanuni kwa ujumla wake: katika kila mageuzi ya namna hii, uzito wa vilivyoingia ni sawa na uzito wa vilivyotoka.

Basi tazameni mipaka ya kauli hii. Ni kauli ya kweli, na imewafaa watu mno, lakini inazungumzia tanuri, chungu, na chupa iliyozibwa. Black na Lavoisier walikuwa na mizani mezani. Hawakuwa na mizani ya kupimia siku ulimwengu ulipoanza, wala hawakudai kuwa nayo. Aliyeichukua kanuni ya chupa iliyozibwa akaifanya itikadi juu ya ulimwengu mzima ameongeza maneno yake mwenyewe, na maneno hayo hayamo katika vipimo.

Chenza katikati ya uwanja wa ndege

Jee, maada hii yenyewe ni nini? Wapo wanaodhani kwamba kwa kuwa jiwe ni gumu na zito, basi hilo ndilo lililo hakika, na mengine yote, roho, akili na maana, ni kivuli tu. Fizikia haikuwaachia dhana hiyo.

Mwaka 1909 Hans Geiger na Ernest Marsden, wakiwa chini ya Ernest Rutherford katika chuo kikuu cha Manchester, walizipeleka chembe ndogo kwa kasi kubwa kwenye karatasi nyembamba mno ya dhahabu. Chembe karibu zote zilipita kana kwamba hapakuwa na kitu. Chache sana zilirudi nyuma. Mwaka 1911 Rutherford akatoa maelezo: atomu karibu yote ni nafasi tupu, na uzito wake umekusanyika katika kiini kidogo mno kilicho katikati.

Udogo wa kiini hicho tunaweza kuupigia mfano wa hapa hapa mtaani. Tuchukue atomu moja ya kalisi, metali iliyomo ndani ya chokaa. Lau tungeikuza mpaka ilingane na urefu wa njia ya kurukia ndege katika uwanja wetu, ambayo ni kama kilomita 3, kiini chake kingekuwa na ukubwa wa takriban chenza moja lililowekwa katikati ya njia. Karibu uzito wote wa atomu umo ndani ya chenza hilo. Kutoka hapo hadi kila ncha hamna ila elektroni 20, nazo si vidonge vinavyozunguka kama mfano unavyoweza kumdanganya mtu, bali ni kitu kilichotandaa mfano wa wingu, ambacho fizikia ya kwanta hueleza uwezekano wake wa kuonekana hapa au pale.

Mtu atauliza: ikiwa ni hivyo, mbona nikiegemea ukuta wa msikiti sipenyi upande wa pili? Jawabu lake linastahiki kuzingatiwa. Elektroni za bega na elektroni za ukuta husukumana kwa nguvu za umeme. Zaidi ya hapo, ipo kanuni aliyoitamka Wolfgang Pauli mwaka 1925, kwamba elektroni mbili haziwezi kushirikiana hali moja kwa ukamilifu. Mwaka 1967 Freeman Dyson na Andrew Lenard walithibitisha kwa hisabati kwamba bila ya kanuni hii maada isingesimama. Ingejikunja ndani yake. Ugumu wa jiwe, basi, hautokani na kujaa kwake. Unatokana na kanuni inayolishika.

Tukiingia ndani ya kiini chenyewe mambo huwa mazito zaidi. Kila protoni inajengwa na chembe tatu ziitwazo kwaki. Ukijumlisha uzito wa kwaki hizo zenyewe, hupati ila takriban asilimia 1 ya uzito wa protoni. Uliobaki ni nishati ya mwendo wao na ya nguvu inayozifunga pamoja. Mchukuzi aliyejitwika gunia la mchele pale Malindi, sehemu kubwa ya kinachomwelemea begani ni nishati iliyofungwa. Na hiyo ndiyo maada tunayoijua. Vipimo vya anga vinaonyesha kwamba maada ya namna hii ni kama asilimia 5 tu ya vyote vilivyomo ulimwenguni. Kilichobaki kimepewa majina, lakini dhati yake bado haijajulikana.

Daftari la duka

Tunarudi kwa kijana wetu na daftari lake la skuli. Mwaka 1905 Albert Einstein alionyesha kwamba uzito na nishati ni kitu kimoja kwa sura mbili. Jua letu hupoteza takriban tani milioni 4 za uzito wake kila sekunde, na uzito huo hutoka kwa sura ya nuru na joto. Kwa upande mwengine, nuru yenye nguvu kubwa inaweza kugeuka ikawa chembe za maada. Hivyo, sentensi isemayo kwamba maada haiumbwi wala haiangamizwi, kwa namna inavyosomeshwa, wanafizikia wenyewe wamekwishairekebisha kwa zaidi ya miaka mia moja sasa. Inatosha jikoni na katika tanuri la chokaa. Haitoshi ndani ya jua.

Kijana mwerevu hatakubali kuishia hapo. Atasema: basi nishati ndiyo isiyo na mwanzo. Na hapa ndipo ustadh anapotakiwa asikasirike.

Mwenye duka anafunga hesabu kila usiku. Kilichoingia, kilichotoka na kilichobaki vinalingana hadi senti ya mwisho, kwa siku moja, kwa mwaka, kwa miaka hamsini. Jee, kulingana kwa hesabu kunathibitisha kwamba duka halikufunguliwa na mtu, na kwamba mtaji ulikuwapo tangu milele? Hapana. Daftari linaeleza mzunguko wa mali baada ya duka kufunguliwa. Suali la nani aliweka mtaji halijibiwi na jumla ya ukurasa, hata ukurasa ukiwa sahihi kiasi gani. Kanuni ya kudumu kwa nishati ni daftari la namna hiyo.

Tena, mwaka 1918 mwanahisabati wa Kijerumani, Bibi Emmy Noether, alichapisha uthibitisho kwamba kudumu kwa nishati ni matokeo ya jambo jengine: kwamba kanuni za maumbile hazibadiliki kwa kupita wakati. Zilivyokuwa jana ndivyo zilivyo leo. Nishati inadumu kwa sababu upo utaratibu unaodumu. Kwa hiyo anayeuliza kwa nini nishati inadumu hupelekwa kwenye utaratibu, na anayeuliza kwa nini pana utaratibu badala ya fujo amefika ukingoni mwa fizikia na amesimama mlangoni mwa suali jengine.

Tunasema hili kwa uwazi ili tusije tukadai zaidi ya haki yetu. Fizikia haimthibitishi Mwenyezi Mungu kwa mizani, wala haimkanushi kwa mizani. Ila yule aliyetaka kuifanya maada kuwa mungu, yenye kujitosheleza, ngumu, isiyobadilika na isiyohitaji kitu, hana tena shahidi katika maabara.

Wazee wetu walilijadili

Asidhani mtu kwamba suali hili limeletwa juzi na vitabu vya skuli. Maulamaa wa Basra na Baghdad walilijadili zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Abu al-Hudhayl al-Allaf alisema kwamba miili imejengwa kwa sehemu zisizogawika. Mwanafunzi wake, Ibrahim an-Nazzam, akampinga na kusema kila sehemu inagawika bila ya kikomo. Wafuasi wa Imam al-Ash'ari wakashika kauli ya sehemu isiyogawika, wakaiita jauhar, na hali zinazoipata, kama rangi na mwendo, wakaziita aradhi. Wakasema aradhi haidumu nyakati mbili. Mwenyezi Mungu ndiye anayeiumba upya kila wakati. Ibn Sina hakukubali sehemu hizo, yeye alifuata kauli ya maada na sura. Neno letu johari, tunaloliita kito cha thamani, ni lile lile jauhar la wanazuoni hao. Na waliosoma sifa ishirini vyuoni wanaikumbuka hoja yenyewe: kinachobadilika hakiwezi kuwa cha kale, kwa hiyo ulimwengu una mwanzo.

Hatusemi haya ili tujigambe kwamba Waislamu walimtangulia Rutherford. Jauhar ya wanazuoni si atomu ya maabara. Hawakuwa na vipimo vyake. Tunayasema ili ijulikane kwamba waliuliza, walibishana kwa hoja, na mwanafunzi aliweza kumpinga mwalimu wake.

Imam al-Ghazali aliandika Tahafut al-Falasifa mwaka 1095, na katika masuala ishirini ya kitabu hicho, la kwanza ni hili hili la ukale wa ulimwengu. Alikuwa mkali mno kwa wanaosema ulimwengu hauna mwanzo. Lakini katika utangulizi wa kitabu hicho hicho alionya kwamba anayedhani kuwa kuitetea dini ni kuyakanusha mambo yaliyothibiti kwa hesabu, kama sababu za kupatwa kwa jua na mwezi, huyo anaidhuru dini yenyewe. Maana mwenye kuuona ushahidi kwa macho yake hatautilia shaka ushahidi. Ataitilia shaka dini. Maandishi ya kibla cha Kizimkazi yalichongwa miaka mitano ya Hijria kabla ya kufa kwake. Onyo lake ni la kale kama msikiti ule, na bado hatujalitekeleza.

Tusiifanye Qur'ani kitabu cha fizikia

Upande wa pili kuna kosa linalopendeza masikioni, na kwa hiyo ni gumu kuachwa. Tunasikia katika mawaidha kwamba neno dharra katika Sura Az-Zilzala ni atomu, na kwamba kutajwa kwa kilicho kidogo kuliko dharra katika Sura Yunus na Sura Saba ni habari ya protoni na elektroni. Waarabu walioteremshiwa Qur'ani walifahamu dharra kuwa ni sisimizi mdogo au chembe ya vumbi linaloonekana katika mwanga. Waarabu wa zama zetu ndio walioliazima neno hilo wakaipa atomu. Kulirudisha sasa kwenye aya na kusema ndiyo maana yake ya asili ni kuligeuza lililo mbele likawa nyuma.

Zaidi ya hayo, tunaipoteza ibra. Aya za Az-Zilzala zinazungumzia hisabu: kwamba wema mdogo kabisa utaonekana, na uovu mdogo kabisa utaonekana. Mwenye kusikiliza mawaidha ya atomu hutoka msikitini akistaajabu, lakini hakujihisabu.

Wenzetu wa dini nyengine wamepita njia hii pia. Mwaka 1951 Papa Pius XII alihutubia akiitaja nadharia ya mlipuko mkuu kama ushahidi wa uumbaji. Aliyekuwa wa mwanzo kuiasisi nadharia hiyo, Georges Lemaître wa Ubelgiji, alikuwa padri. Na yeye hakupendezwa. Alishikilia kwamba nadharia ya sayansi iachwe isimame au ianguke kwa ushahidi wake, nje ya masuali ya dini. Padri huyo aliiheshimu imani yake kwa kutoiwekea rehani.

Wajibu wetu

Kwanza, anayeuliza asikemewe. Mwaka 1963 Erasto Mpemba (hilo ni jina lake, hakuwa mtu wa Pemba), mwanafunzi wa skuli ya sekondari ya Magamba, kule Tanganyika, alitia maziwa ya moto katika friza akaona yameganda kabla ya yale yaliyopoa. Mwalimu alimwambia kuwa amechanganyikiwa, na wenzake wakamcheka. Baadaye, akiwa Mkwawa, alimuuliza Dk. Denis Osborne wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Huyu hakucheka, alikwenda akajaribu. Mwaka 1969 wakachapisha makala pamoja, na hadi leo wanafizikia duniani wanabishana juu ya jambo linaloitwa kwa jina la kijana yule. Maji tu, maada tunayoitia udhu kila siku, na bado hatujamaliza kuyajua.

Pili, ustadh asione aibu kusema "sijui, tutauliza". Mitaa yetu ina walimu wa sayansi wanaosali safu moja na sisi. Tunapendekeza kila msikiti, angalau mara moja kwa mwezi, umpe mwalimu wa fizikia au kemia nafasi ya darsa pamoja na sheikh, vijana wa kike na wa kiume waulize, na wawili hao wajibu kila mmoja kwa elimu yake.

Tatu, tuwatie hima watoto wetu waisome elimu hii hadi mwisho wake. Abdus Salam wa Pakistan, aliyeshirikiana na wenzake wawili katika Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 1979, alisoma katika karamu ya tuzo hiyo aya za Sura Al-Mulk zinazomtaka mwanaadamu arudishe jicho lake tena na tena kuangalia kama kuna kasoro katika uumbaji. Mwaka 1964 alikuwa amekwishaasisi kituo cha fizikia mjini Trieste, Italia, kwa ajili ya wanasayansi wa nchi maskini, na tangu mwaka 2018 pana taasisi inayoshirikiana na kituo hicho mjini Kigali. Njia ipo, na si mbali kama ilivyokuwa.

Nne, elimu ya maada ni amana ya kila siku. Tunaona kuta za kale za misikiti zikipakwa saruji. Saruji huziba pumzi ya ukuta wa chokaa, unyevu na chumvi vikanasa ndani, na jiwe likamomonyoka kwa siri. Nia ilikuwa njema, na msikiti unadhurika.

Ndugu zetu, anayewaambia watoto wetu kwamba maada ndiyo mola atawapata pale tu tutakapokuwa tumewafukuza. Tuwaruhusu waulize ndani ya msikiti, wakiwa wamekaa juu ya mikeka yetu, wakiegemea kuta ambazo zilikuwa bahari, zikawa matumbawe, zikawa moto, zikawa chokaa, zikawa jiwe tena, wala hazikuwahi hata siku moja kujisimamisha zenyewe.

Mwenyezi Mungu atuzidishie elimu yenye manufaa, na atujaalie kuwa miongoni mwa wanaotafakari. Amin.